Herufi Tatu Kabla ya Kidole

Katika karakana ya Mjomba hakuna herufi inayochongwa kabla ya kidole kupita. Hiyo ndiyo sheria, na sababu yake tunaikanyaga kila asubuhi tunapoingia. Ngazi ya mlangoni ni jiwe la kaburi la bwana mmoja ambaye Mjomba alimzeesha miaka kumi kwa kukosea tarakimu moja. Familia ililikataa, jiwe likageuzwa kifudifudi, likawa ngazi. Tangu hapo, maneno yakishachorwa kwa penseli juu ya bamba, mjane au mgane wa marehemu pamoja na watoto wake hupitisha kidole juu ya kila herufi, taratibu, toka ya kwanza hadi ya mwisho. Kidole kikishapita, hata pakiwa na kosa, ni kosa letu sote.

Mimi ndiye ninayechonga. Shule niliishia ya msingi, lakini mwandiko wangu ulikuwa mzuri tangu utotoni, na jiwe halimuulizi mtu cheti. Linataka mkono usiotetemeka na mtu asiye na haraka. Mimi si mtu wa haraka. Nimekuwa na haraka mara moja tu tangu nianze kazi hii, na ndiyo ninayotaka kuieleza.

Alikuja mzee mmoja, mchimba visima wa zamani. Mjini wanamwita Fundi Visima mpaka leo ingawa miaka mingi imepita hajashika sururu. Mkewe alikuwa amefariki miezi minne nyuma. Macho yake yalikuwa yameingia ukungu. Ili asome alichoandika mwenyewe kwenye karatasi, aliisogeza hadi ikakaribia kumgusa pua.

"Juu jina lake," akaniambia, "chini yake miaka yake, na chini kabisa neno moja. Liwe kubwa kuliko jina. Msaidizi."

"Neno moja tu, mzee?"

"Moja. Limo kwenye Maandiko, mwanzoni kabisa, pale mwanamume wa kwanza alipoonekana yuko peke yake. Mimi si mtu wa maneno mengi, mwanangu."

Akanieleza kwamba baada ya majuma matano atapasuliwa macho, na daktari hakumpa ahadi. "Nataka nilione jiwe lake kabla hawajanifunga vitambaa. Wakivifungua, sijui nitaona nini, au kama nitaona."

Nikachora mbele yake. Akapitisha kidole juu ya kila herufi, midomo ikimcheza. Mtoto wao ni mmoja tu, muuguzi hospitalini, na alikuwa zamu. Angekuja Jumamosi kupitisha chake. Hapo nilipaswa kufunika bamba kwa gunia na kuendelea na kazi nyingine. Lakini mzee hakuondoka. Aliketi kwenye kibao karibu na mlango, fimbo katikati ya magoti, akasema, "Laiti ningeisikia tindo ikilia hata kidogo, nirudi nyumbani nimetulia."

Mjomba alikuwa amekwenda kuangalia mabamba mapya. Mzee alinitia huruma. Nikajiambia, mtoto gani atakataa mama yake asifiwe? Nikashika nyundo na tindo, nikachonga M ya lile neno lake. Mzee akafumba macho akisikiliza. Nikachonga S. Nikachonga A. Hapo akainuka, akanishukuru, akaenda zake akipapasa ukuta.

Jumamosi akaja binti yake. Ni mama wa makamo, mwenye sweta juu ya sare nyeupe, na viatu vya mtu anayesimama siku nzima. Watu wote wanamwita Sista, nami nikamwita hivyo hivyo. Akapitisha kidole juu ya jina la mama yake, akasimama kidogo, akaendelea na miaka. Alipofika mstari wa chini kidole kikazama kwenye M.

"Hapa mmeshachonga."

"Ndiyo, Sista. Ni mimi. Nilikosea."

Akainama akasoma penseli iliyobaki. Nilimwona akikunja uso polepole.

"Msaidizi," akasema. "Hospitalini tuna wasaidizi. Wanafuta sakafu na kubeba mashuka. Siwadharau, bila wao tungekwama. Lakini mama yangu hakuwa mfanyakazi wa baba yangu."

"Mzee amesema ni neno la kwenye Maandiko."

"Najua. Ndilo alilolisema mazishini. Watu wamejaa, wanangoja mume aseme chochote juu ya mkewe. Akasimama: 'Alikuwa msaidizi wangu mzuri.' Akakaa! Miaka thelathini na minane ya ndoa, mdogo wangu, kama mtu anayemwandikia mpishi barua akatafute kazi kwingine." Akaingiza mikono yote miwili kwenye mifuko ya sweta. "Kidole changu hakipiti hapo. Na mkilisimamisha hilo, mwambieni asinisubiri makaburini. Sitakuja."

Mjomba aliporudi nilimweleza yote, hata herufi tatu sikuzificha. Hakupiga kelele. Mjomba akikasirika huwa anatania, na afadhali angepiga kelele.

"Sawa, mpwa wangu. Tutafute neno lingine linaloanza na Msa. Msafi. Msafiri. Msahaulifu."

"Mjomba!"

"Msahaulifu lingekufaa wewe. Au nikuongezee ngazi ya pili hapo mlangoni, uwe unaikanyaga ya kwako?"

Bamba jingine la rangi ile lingefika baada ya miezi miwili, na mzee alikuwa na majuma matano. Nilikuwa nimemletea ugomvi na mwanawe wa pekee, na jiwe lenyewe huenda asingeliona kabisa.

Basi yuko mteja wetu mmoja tunayemwita Bwana Rasimu, ingawa mbele yake tunamwita Mwalimu. Alifundisha Kiebrania katika chuo cha wachungaji mpaka akastaafu. Hana ugonjwa wowote, ana afya kama punda, ila ameagiza jiwe lake mwenyewe mapema, na kila Jumanne huja na karatasi mpya ya maneno ya kuandikwa. Rasimu ya kwanza alikuwa msomi. Ya tatu alikuwa mtumishi. Ya saba hatuielewi mpaka leo. Mjomba alishakataa kumchorea hata nukta mpaka atulie.

Jumanne hiyo alipoingia na karatasi yake, nilimkatiza. "Mwalimu, samahani. Lile neno msaidizi, la mwanamke wa kwanza, kwa Kiebrania ni neno gani?"

Mtu huyo alivyofurahi! Karatasi akaisahau juu ya msumeno.

"Ezer!" akasema. "Binti, umegusa penyewe! Linapatikana mara ishirini na kitu katika Maandiko yote ya Kiebrania. Mara mbili tu ni mwanamke. Mara chache ni mataifa yanayoitwa waje na majeshi yao. Zilizobaki zote ni Mungu mwenyewe! Yule anayeinua macho milimani akiuliza msaada wake utatoka wapi, ni ezer anayemtafuta. Si mtu wa kukushikia ndoo huyo. Ni yule anayekuja wakati wewe huwezi kujitoa."

"Kwa hiyo si mtu wa chini?"

"Wa chini? Mungu awe wa chini? Tena pale pameongezwa neno jingine, kwamba atakuwa wa kusimama mbele yake, uso kwa uso. Si nyuma, si miguuni. Na wewe mchonga mawe sikiliza hili: yuko nabii aliyesimamisha jiwe baada ya vita, akaliita jiwe la ezer, kwa sababu Mungu alikuwa amewasaidia mpaka pale."

Nikaona nimepona. Nilimpigia Sista simu mara tatu mpaka akakubali kuja Alhamisi, dakika kumi tu kabla ya zamu. Mzee nikamwita pia. Mjomba akaniangalia kwa jicho la pembeni, akafagia vumbi la karakana, akapanga viti vinne kama vya baraza la kanisa.

Alhamisi wakaja. Mzee alikaa kwenye kibao chake cha mlangoni, Sista upande wa pili, bamba likiwa katikati juu ya meza, nusu neno la jiwe na nusu la penseli. Baba na mwana walisalimiana kama watu waliokutana kwenye foleni. Bwana Rasimu akasimama, akakohoa kidogo, akaanza. Alisema yote aliyoniambia mimi na mengine juu yake, mikono ikipaa.

Mimi sikumtazama yeye. Nina tabia hiyo. Mtu akiongea, huwa nawatazama wanaosikiliza. Sista alikuwa anatazama saa. Lakini mzee, Bwana Rasimu aliposema "yule anayekuja wakati huwezi kujitoa", aliinua mkono mmoja, kiganja kikitazama chini, akauweka mbele ya kifua chake kama mtu anayepima urefu wa mtoto. Akaushusha. Bwana Rasimu aliporudia maneno yale, maana huwa anarudia, mkono ukapanda tena, ukasimama pale pale.

Mwalimu akamaliza. Sista akasema kwa upole, "Asante sana, Mwalimu. Nimejifunza. Sasa na mimi nikuulize. Anayepita makaburini Jumapili, atasoma Kiebrania au atasoma Msaidizi?"

Bwana Rasimu akashusha mikono.

"Na Baba," Sista akaendelea, akimgeukia, "hayo ya Mungu na majeshi uliyajua siku ile ya mazishi?"

"Hapana," mzee akajibu. "Leo ndiyo nayasikia."

"Basi." Akasimama, akafunga vifungo vya sweta.

Mimi si mtu wa kuingilia mambo ya wateja, lakini herufi tatu zilikuwa zangu. Nikasema, "Mzee, kifuani hapo pana nini?"

"Wapi?"

"Umepima mara mbili kwa mkono wakati Mwalimu anaongea. Hapa." Nikamwonyesha kwenye kifua changu.

Mjomba aliacha kufuta nyundo yake. Kisha mzee akaurudisha mkono mahali pale, safari hii akijua.

"Udongo ulifika hapa," akasema.

"Udongo gani, Baba?"

"Wa kisima. Wewe ulikuwa na miaka miwili. Nilikuwa chini, urefu wa watu wanne, kuta zikaporomoka. Nikafunikwa mpaka hapa, mikono ndani. Ukivuta pumzi, udongo unakubana zaidi. Juu walikuwa wenzangu watatu."

"Hiyo naijua," Sista akasema. "Wenzako wakakuvuta. Umenisimulia tangu nikiwa mtoto."

"Nilikudanganya."

Mzee alikuwa anaongea na fimbo yake.

"Walikuwa wanabishana. Mmoja anasema akatafutwe mtu wa serikali, mwingine anasema atakayeshuka atakufa naye. Walikuwa na watoto, siwalaumu. Mama yako alikuwa amekuja kuniletea chakula. Akauliza, 'Yuko hai?' Wakasema bado yuko hai. Akakuweka chini, akafunga kamba kiunoni, akawaambia, 'Nyie shikeni hii tu.' Nikamwona anashuka, miguu kwanza. Alinifukua kwa mikono na sufuria ya chakula. Kuta zilikuwa bado zinamwaga mchanga. Alipoufukua mkono wangu mmoja, akanifunga kamba, akaninyanyua kwa bega lake ili wale wa juu waweze kunivuta. Ndipo lilipolia. Nililisikia likilia kama kijiti."

"Bega la kulia," Sista akasema.

"La kulia."

"Aliniambia liliharibika kwa kubeba maji." Sauti yake ilikuwa nyembamba, kana kwamba amerudi utotoni. "Baba, nimelichua bega lile tangu nikiwa chuoni. Miaka yote ile nachua, nauliza, na nyie wawili mnanitazama!"

"Ni yeye aliyesema tufiche. Walipomvuta na yeye, tukiwa bado tumelala kando ya kisima, tumejaa udongo, akaniambia, 'Sema wanaume ndio waliokutoa. Mchimba visima aliyetolewa na mkewe nani atamwita tena kazini? Tutakula nini?' Nikasema hivyo. Nikaitwa kazini. Wewe ukasoma. Mwaka wa kwanza ilikuwa aibu, wa kumi ikawa mazoea. Baadaye sikujua nianzie wapi."

"Na mazishini?"

"Nilisimama na habari yote mdomoni. Nikawaona wawili kati ya wale watatu wamekaa mbele, wazee, wamekuja kunizikia mke wangu. Ikanikauka. Likabaki neno moja. Nikajua yeye atalielewa hata kama wengine hawataelewa." Akafuta macho yake mabovu kwa ukingo wa kiganja. "Mimi Kiebrania sijui, mwanangu. Ila yule Mwalimu aliposema ni wa kuja wakati huwezi kujitoa, nikamwona mama yako anashuka, miguu kwanza."

Bwana Rasimu akakaa chini kabisa, bila neno. Nadhani tangu azaliwe hakuwahi.

Sista alisimama muda mrefu akilitazama bamba. Dakika kumi zilishapita. Mwishowe akavuta kiti chake, akazunguka meza, akakiweka mbele ya baba yake, magoti yakakaribia kugusana.

"Neno libaki," akasema. "Lakini si peke yake. Peke yake linamficha tena. Mdogo wangu, chini hapo pana nafasi ya mstari mmoja?"

Nikapima kwa rula. "Pana nafasi, herufi zikiwa ndogo."

"Andika: Alishuka akanitoa."

Mzee akashtuka. "Watu watauliza."

"Waulize. Utawajibu, Baba. Mimi nitakuwa hapo."

"Samahani kidogo," Bwana Rasimu akasema, "labda ingekuwa bora zaidi kama tungeanza na..."

"Mwalimu!" tukasema sote kwa pamoja, hata Mjomba. Mzee akacheka, kicheko cha kikohozi, cha kwanza tangu nimjue.

Nikachora mstari ule, nikaufuta, nikachora tena. Sista akatoa mikono mifukoni. Kidole kikazama kwenye M, kikatoka, kikazama kwenye S, kikazama kwenye A, kisha kikateleza juu ya penseli mpaka mwisho wa neno. Akashika kidole cha baba yake, wakaupita mstari wa pili pamoja, herufi kwa herufi. Walipomaliza vidole vyote viwili vilikuwa vyeusi.

"Chonga ndani zaidi ya kawaida," akaniambia akiondoka, kwa sauti ya kikazi ya wauguzi. "Macho yake siwezi kukuahidi. Vidole vyake ni vizima."

Nilichonga kwa siku tisa. Mjomba alisema hajawahi kuona herufi zenye kina kile, zinaweza kushika maji ya mvua ndege wakanywa. Kwa Mjomba hiyo ni sifa. Hakunitajia tena ngazi ya pili, ila alinifanya niisugue ile ya kwanza kwa brashi, nikiwa nimepiga magoti, ili nisisahau.

Jiwe lilisimamishwa siku sita kabla ya mzee kupasuliwa. Nilikwenda kwa sababu huwa nakwenda kuhakikisha limekaa sawa. Walikuwa watu kama ishirini. Mzee alilisogelea, akalisoma kwa macho, pua karibu na jiwe, kwanza lote. Kisha akafumba macho akalisoma kwa kidole. Sista alisimama ng'ambo ya jiwe, wakielekeana.

Bwana Rasimu naye alikuwepo, nyuma ya watu, na karatasi mfukoni. Alininong'oneza kwamba ameifuta rasimu yake yote na hajui aandike nini. Nikamwambia hakuna haraka.

Jirani mmoja, mama mwenye sauti kubwa, akasoma mpaka mwisho. "Alishuka akanitoa," akasema. "Alishuka wapi? Akakutoa wapi, baba?"

Mzee akageuza uso. Kwenye mstari wa mbele alikuwepo mmoja wa wachimbaji wale, mzee aliyepinda mgongo, mikono juu ya fimbo. Nilimwona Fundi Visima akimtafuta kwa macho yake ya ukungu, akampata, na mdomo ukaanza kumkauka kama siku ile ya mazishi. Sista alibaki pale pale, akimtazama baba yake.

Ndipo yule mzee aliyepinda akainua kichwa. "Waambie," akasema. "Mimi nilikuwa juu, nimeshika kamba. Ukikosea mahali nitakurekebisha."

Fundi Visima akavuta pumzi ndefu, kifua kikapanda bila kizuizi. Akaweka kiganja chake mbele ya kifua, pale pale.

"Udongo ulifika hapa," akaanza.